Sura za Nyuma za Kitabu cha Joto na Chumvi

Vijana wangu, amani iwe juu yenu. Namshukuru Mwenyezi Mungu aliyenifikisha umri wa kustaafu nikiwa na macho yangu mawili na vidole vyangu vyote. Mwalimu wa kemia akistaafu na vidole vyote, basi kazi yake hakuifanya vibaya.

Mmekuwa mkiniuliza msikitini, sokoni Garsen na hata kwenye mazishi, ambapo si mahali pake: "Mwalimu, tukimaliza ya silabasi, tusome nini zaidi?" Mnataka kuendelea na themodinamiki, yaani elimu ya joto na jinsi linavyohama. Mnataka na kemia isokaboni, ile kemia ya chumvi, mawe na madini. Moyo wangu unaruka kila ninaposikia swali hilo! Ila majina ya vitabu sitawapa. Vitabu hubadilika, na siku hizi mnavyo vingi kwenye simu kuliko vilivyokuwa kwenye kabati langu lote. Nitawaambia namna ya kuvisoma, na kwa kuwa mimi ni mzee, nitawaambia kwa visa.

Kitabu nilichokuwa nacho nilikinunua kwa muuza vitabu chakavu kule Mombasa. Hakikuwa na jalada, na kurasa za mwanzo zililiwa na mchwa, hivyo mpaka leo sijui aliyekiandika. Namwombea dua bila jina, na Mola anamjua. Nusu ya kwanza ilikuwa habari za joto, nusu ya pili habari za chumvi. Mwisho wa kila nusu palikuwa na sura ambazo mwandishi alisema ni za wanaotaka kuendelea. Mtihani wa taifa haukuzigusa kabisa. Wanafunzi wengi walifika hapo wakafunga kitabu. Mimi nilipofika hapo kwa mara ya kwanza, nikiwa kijana kama ninyi, sikulala vizuri kwa furaha. Nilihisi kama mtu aliyeonyeshwa chumba cha ndani cha nyumba aliyodhani anaijua yote.

Nilipoanza kufundisha katika shule yetu ya sekondari, upande huu wa Minjila, niliweka sharti moja juu ya kitabu hicho. Ukitaka kuazima sura ya nyuma, niletee kwanza kitu cha nyumbani kwenu ambacho sura ile inakieleza. Huna kitu, hupati sura.

Wacha nikwambieni, walileta! Komora, kijana wa Kipokomo kutoka Chewele, mcheshi ambaye hata adhabu aliipokea kwa mzaha, aliingia maabara amebeba mtungi wa nyanya yake kichwani.

"Mwalimu, nataka sura ya maji kugeuka mvuke."

"Na mtungi wa nini?"

"Maji ya mtungi ni baridi kuliko ya ndoo, na vyote viko kivuli kimoja. Mtungi unavuja kidogo kidogo, maji yanakauka kwa nje, na yanapokauka yanaondoka na joto. Mtungi unatoka jasho kama mimi nikicheza mpira."

"Umejuaje?"

"Nyanya huuweka penye upepo. Nikamuuliza kwa nini, akasema nisimsumbue, upepo ndio unaofanya kazi. Kwa hivyo mwalimu, nyanya yangu alishamaliza hiyo sura. Nipe mimi sasa."

Nikampa. Alikisoma kitabu kile akila, akitembea, na siku moja nilimkamata akikisoma ndani ya somo la historia. Nilijifanya sikuona.

Dhahabo naye alikuwa binti wa wafugaji wa Kiorma, baba yake akichunga kwenye mbuga hizi hizi za Minjila. Msichana mtulivu, mrefu, mwenye maswali machache lakini yanayouma. Alitaka sura ya entropi, ambayo hata mimi niliisoma mara nyingi kabla haijanikubali. Alikuja mikono mitupu.

"Kitu chako kiko wapi?"

"Hakibebeki, mwalimu. Uje nje."

Nje ilikuwa jioni, na baba yake, mzee Barisa, alikuwa akirudisha ng'ombe. Wanyama walikuwa wametapakaa kila upande, na wachungaji wanakimbia huku na huku wakipiga miluzi. Dhahabo akamwita baba yake amwambie mwalimu kile alichomwambia yeye. Mzee akajifuta uso kwa ncha ya shuka.

"Mwalimu, ng'ombe kutawanyika hapana taka kazi. Yenyewe tu. Kukusanya, hiyo ndio kazi."

Nikacheka mpaka nikashika magoti. Hiyo ndiyo entropi, kipimo cha fujo! Lakini Dhahabo hakuishia hapo. Akasema, "Na wakikusanywa zizini, mwalimu, mchungaji ametoka jasho. Joto lake limekwenda hewani na halirudi. Zizini kuna utaratibu, lakini ukihesabu na hewa ya nje, fujo imezidi." Nikamtazama msichana yule, nikasema moyoni, ee Mola, umenipa nini leo? Nilimpa sura ile, na nyingine mbili juu yake. Tangu siku hiyo akawa anasema wazi kwamba anataka kwenda chuo kikuu kusoma kemia. Katika ukoo wao hakuna msichana aliyewahi kulisema jambo hilo.

Hapo ndipo nataka mjifunze jambo la kwanza. Msisome sura za nyuma ili mpate maneno makubwa ya kuwatishia wenzenu. Someni huku mkitazama nyumbani kwenu. Moshi ambao mama zetu wa Kiorma hufukizia vibuyu vya maziwa, chokaa inayochemka yenyewe ikitiwa maji, magadi yanayolainisha maharagwe, yote yamo mle.

Jambo la pili nilifundishwa na mzee Athman, mtu wa Kipini, mtunza maabara wa shule niliyoanzia kazi. Mungu amrehemu. Alinipokea nikiwa na cheti kipya na shati lililopigwa pasi, akanitazama juu mpaka chini, akasema, "Mwalimu, kabla hujafundisha watu, nionyeshe unavyoosha bilauri." Nikaosha. Akacheka. Akanionyesha kuisuuza kwa maji yale yale nitakayotia ndani, kidogo kidogo, kisha kuyamwaga. Alinifundisha kuisogeza harufu puani kwa kiganja badala ya kuinamia chupa, na kumimina asidi ndani ya maji, kamwe si maji ndani ya asidi. Tena kila asubuhi, kabla ya kazi yoyote, alidondosha tone la nitrati ya fedha katika maji ya maabara. Maji yakibaki maangavu, kazi inaanza. Yakiwa na wingu jeupe, kuna kloridi, yaani chumvi kama ya mezani, na katika nchi hii yetu ambayo visima vyake vingi vina chumvi, wingu hilo lilikuwa jambo la kawaida.

Tone hilo la mzee Athman ndilo linalonipeleka kwenye kisa ninachotaka hasa kuwasimulia. Ni cha mwaka wa mvua za Elnino, mwaka wa tisini na saba. Wengi wenu hamkuwa mmezaliwa.

Mvua ile haikuwa na adabu. Mto Tana ulipanda kingo, ukaingia mashambani, ukaingia nyumbani, ukaikata barabara huku na huku. Garsen ikawa kama kisiwa. Shule yetu iko penye mwinuko kidogo, basi watu na wanyama wakapanda kuja kwetu. Uwanja wa mpira ulijaa ng'ombe, na miongoni mwa wafugaji waliopanda alikuwa mzee Barisa na kundi lake. Majani ya uwanjani yalikuwa yanakwisha. Ng'ombe walisimama kwenye matope mpaka kwato zikaanza kuwaoza. Wenzake walikuwa wameshaswaga kwenda kwenye nchi ya juu, mbali na mto. Yeye alibaki, na nilijua kwa nini, kwa kuwa aliniambia mwenyewe.

"Mwalimu, mimi nangoja karatasi moja tu ya mtoto. Hiyo ya chupa-chupa. Ikipita, nahama siku hiyo hiyo. Isipopita, mwaka ujao hapana jua tutakuwa wapi."

Hiyo ya chupa-chupa ilikuwa karatasi ya mwisho ya kemia, ya vitendo. Mtahiniwa hupewa chumvi asiyoijua, akaipima kwa matone na moto mpaka aseme ni nini. Karatasi hiyo haisubiri mtu. Ikiharibika, basi hadi mwaka ujao, na Dhahabo hakuwa na mwaka ujao. Mama yake na wadogo zake walikuwa tayari wameshatangulia na ndama.

Sasa, vijana, kwa karatasi hiyo unahitaji maji yaliyokenekwa. Sisi tuliyaita maji ya mvuke, maana yamechemshwa, mvuke ukakusanywa na kupozwa ukawa maji tena, bila chumvi hata chembe. Kwa kawaida yalikuja kwa gari kutoka Mombasa. Mwaka ule gari halikuja, wala halingekuja. Tukakeneka wenyewe maabara kwa gesi tuliyokuwa nayo, na ndoo ilipojaa, gesi nayo ikaisha. Paa la maabara lilikuwa linavuja, hivyo tukaifunika ndoo vizuri, tukaipeleka stoo ya jikoni, mahali pakavu kuliko pote shuleni. Hatukuandika kitu juu yake. Nani angeigusa ndoo ya maji safi?

Asubuhi ya siku iliyotangulia mtihani tuliirudisha. Nikadondosha tone la nitrati ya fedha, kama nilivyofundishwa. Maangavu. Nikasema alhamdulillahi, tufanye zoezi la mwisho. Nikawapa watahiniwa nitrati ya risasi, ya madini ya risasi, chumvi nyeupe ambayo katika maji safi huyeyuka ikapotea kama sukari.

Komora alimimina maji juu yake. Papo hapo yakageuka maziwa!

"Mwalimu! Hii maji imetuchezea!"

Nikadhani neli yake ya kioo ni chafu. Lakini maziwa yakatokea kwa wa pili, wa tatu, meza yote. Maabara ikawa na kelele kama soko la mifugo. Lakini nikiwaangalia niliona kitu cha ajabu: hawakuwa wakilalamika, walikuwa wakibishana!

"Ni kloridi," akasema Komora. "Maji ya mafuriko yameingia ndani ya ndoo."

"Mwalimu amepima kloridi sasa hivi, hakuna," akajibu mwingine.

"Mwalimu ana macho ya kizee."

"Macho haya haya yanakuona, Komora," nikamwambia.

Dhahabo alikuwa ameishika neli yake kwenye mwanga wa dirisha. Akasema polepole, "Hatuna haja ya kubishana. Kloridi ya risasi inayeyuka katika maji ya moto. Imo katika sura za nyuma, pale pa joto na myeyuko. Tuichemshe. Ikipotea, ni kloridi. Ikibaki, ni sulfati."

Tukawasha taa ya spiriti. Wote wakainamia neli moja, vichwa vimegusana, nikalazimika kuwavuta nyuma kwa kola za mashati. Maji yakachemka. Maziwa yakabaki maziwa.

"Sulfati," akasema Dhahabo.

"Sulfati itatoka wapi?" nikamuuliza, na sikuwa namjaribu, nilikuwa nataka kujua kweli. "Mvuke haubebi chumvi."

"Haubebi, mwalimu. Kwa hivyo imetiwa baadaye."

Akachukua maji matupu ya ndoo, akadondosha magadi makali, yaani haidroksaidi ya sodiamu. Likatokea wingu jeupe, zito, kama uji mwepesi. Akaongeza. Wingu likayeyuka. Akachukua maji mengine, akatia amonia. Wingu likaja tena, na safari hii hata alipozidisha, halikuondoka.

"Alumini," akasema. "Alumini na sulfati, pamoja."

Kisha Komora akajipiga kofi kwenye paji la uso, sauti ikasikika maabara nzima.

"Shabu! Wallahi ni shabu! Mwalimu, hii ni mkono wa mama!"

Ninyi mnaoishi hapa hamhitaji kuelezwa, lakini pengine haya yatasomwa na mtu wa mbali. Maji ya Tana yana rangi ya chai ya maziwa. Hakuna nyumba kandokando ya mto huu isiyo na donge la shabu, jiwe linalofanana na barafu, ambalo ndani yake mna hiyo alumini na sulfati. Mwanamke hulizungusha ndani ya maji mara chache, akaacha, na tope lote likashuka chini. Kumpa mgeni maji yasiyotiwa shabu ni kama kumkaribisha kwenye mkeka usiopanguswa. Na jikoni kwetu alikuwa mpishi mmoja tu, mama Habiba, mwanamke wa Kipini, mkarimu kupita kiasi.

Tukaenda jikoni msafara mzima. Alikuwa akichambua mchele.

"Mama Habiba, ile ndoo iliyokuwa stoo…"

"Ile ya wageni? Nishaitengeneza zamani."

"Ya wageni?"

"Si mlisema ni maji ya mtihani? Wageni wa mtihani wanaletwa na boti, watoka mbali, wamechoka. Mie niwape maji yasotiwa shabu, waende wakatutangaze kwamba watu wa Tana hawana haya?"

"Lakini mama, yalikuwa safi!" akasema Komora.

"Safi kwa macho yako. Macho yako hayaoni hata sahani chafu."

"Mama, umefelisha darasa zima."

"Wewe nyamaza. Umekula ugali wangu miaka yote na hukufeli."

Kisha akaziona nyuso zetu, na mchele ukamwanguka mkononi. Nikamweleza taratibu, bila kumlaumu, maana alichofanya kilikuwa ni heshima. Nikamwambia pia kwamba tumshukuru Mungu, shabu ile tumeijua leo na si kesho asubuhi mbele ya msimamizi. Alishika kichwa kwa mikono miwili. "Na mtoto wa Barisa naye yumo?" akauliza. Nikamwambia yumo.

Tulihitaji maji mapya kabla ya jua kutua, na tazameni mitihani ya Mola. Kwa majuma mvua ilikuwa imetupiga bila huruma. Tungeweza kutandaza karatasi safi ya nailoni uwanjani, tukakinga maji ya mawingu, ambayo nayo ni maji ya mvuke aliyoyakeneka Muumba mwenyewe. Siku ile, mbingu zilikauka! Jua likatoka, kali. Garsen nzima ilikuwa ikishukuru kwamba mvua imekoma, na mimi na darasa langu tulikuwa watu pekee tulioikodolea macho mbingu tukiitaka irudi. Yale ya tangi la saruji hayakutufaa, maana yalikuwa yamekunywa chokaa ya saruji.

"Gesi hamna?" akauliza mama Habiba.

"Imekwisha."

"Mwataka mvuke?"

"Tunataka mvuke."

Akajifunga leso kiunoni. "Mvuke ni wangu. Nionyesheni tu mwataka uende wapi."

Alikuwa ameficha kuni kavu za mathenge, ule mti wa miiba, kwenye kona ya stoo, na mathenge huwaka kwa hasira. Tukachukua sufuria zake kubwa, zile za wali wa shule. Ndani ya kila moja tukaweka maji kidogo, tofali lililosuguliwa, na juu ya tofali bakuli la kioo la maabara. Kifuniko tukakigeuza, kitovu chake kikitazama chini, na juu yake tukatia maji baridi. Mvuke hupanda, hugonga kifuniko baridi, hugeuka maji, huteleza mpaka kitovuni, hudondoka ndani ya bakuli. Msiidharau njia hii. Mkiwa mbali na kila kitu, itawafaa.

Mwanzoni ilidondoka vizuri, tik, tik, tik. Kisha ikapungua. Kisha mvuke ukaanza kutoka pembeni na kutuunguza mikono, na bakuli likabaki karibu tupu.

"Ongezeni moto," akasema kijana mmoja.

"Moto hapana!" Dhahabo akaruka. "Moto tunao mwingi. Angalieni kifuniko, maji ya juu yanatoka moshi. Mvuke hauwezi kurudi kuwa maji mpaka utupe joto lake, na tumeunyima pa kulitupa. Baridi ndiyo tunayohitaji."

Nakuambieni, nilisimama pale machozi yakinilenga, si kwa moshi. Joto fiche la mvuke, ukurasa ambao nusu ya walimu wenzangu waliuruka, msichana huyu alikuwa ameushika kwa mikono yake ndani ya jiko!

Basi baridi itoke wapi? Komora akanyoosha kidole nje. Mafuriko yalikuwa yamefika nyuma ya bweni, maji mengi yasiyo na mwisho, na kwa kuwa yalitiririka usiku na mchana kutoka nchi ya milimani, yalikuwa baridi. Maji yale yale yaliyotukatia barabara! Tukajipanga mstari kutoka ukingoni mpaka jikoni, ndoo zikapita mkono kwa mkono, za baridi zikija, za moto zikirudi. Kila kifuniko kilipoanza kupata moto, kikabadilishiwa maji. Tik, tik, tik ikarudi, na sasa ikawa haraka kama mvua ya kwanza juu ya mabati.

Mzee Barisa akaja kuona kulikoni. Alisimama ameegemea fimbo, akatazama mafuriko, akatazama mstari wa ndoo, akatazama lile bakuli dogo.

"Mwalimu, maji yote hii, na wewe bado natafuta maji?"

"Haya hayafai, mzee."

"Na hiyo kidogo ndio nafaa? Ng'ombe moja nakunywa yote, bado naomba."

Binti yake akamweleza kwa Kiorma, maneno mengi, akionyesha sufuria na mafuriko na ng'ombe. Mzee akasikiliza, akauliza jambo, akajibiwa. Kisha akageuka, akawaita wachungaji wake kwa sauti iliyowaamsha hata walimu. Vijana wawili wenye miguu mirefu wakaingia kwenye mstari, naye mwenyewe akachukua nafasi mahali penye matope mengi kuliko pote. Ng'ombe mmoja alikuja akatia mdomo kwenye ndoo iliyokuwa ikipita, akafukuzwa kwa lugha tatu kwa wakati mmoja.

Alasiri tulisali pale pale kwa zamu, mstari usikatike. Jua lilipokuwa linashuka, ndoo safi ilikuwa imejaa, na safari hii mama Habiba aliikalia, kweli kabisa, aliweka kigoda mbele yake akakaa. Nikadondosha nitrati ya fedha: maangavu. Nikadondosha chumvi ya bari, inayofichua sulfati: maangavu. Amonia: maangavu. Mwisho kabisa Dhahabo akatia nitrati ya risasi katika neli, akamimina maji, na ile chumvi ikazunguka, ikapungua, ikapotea. Ungeuona mwanga wa taa ng'ambo ya pili ya neli bila kivuli. Kelele zilizopigwa! Komora alitaka kuibusu ndoo, mama Habiba akampiga na mwiko.

Tangu siku hiyo sikupima maji kwa tone moja tu. Mzee Athman alinipa tone lake, Tana ikanipa mengine, na ninyi mkifanya kazi mahali pengine mtaongeza ya huko.

Asubuhi msimamizi akaja kwa boti, suruali imelowa mpaka magotini. Alipofika, mama Habiba alimkaribisha maji ya kunywa, yenye shabu. Mwalimu wa somo haruhusiwi kuwa ndani, hivyo mimi nilisimama nje pamoja na mama Habiba na mzee Barisa. Mimi nilikuwa na tasbihi, mzee alikuwa na fimbo yake. Ng'ombe uwanjani walikuwa tayari wameelekezwa upande wa kutokea.

Matokeo yalipotangazwa mwaka uliofuata, Dhahabo alipata nafasi chuoni, na kemia ndiyo aliyoisoma. Hayo mnaweza kumuuliza mwenyewe, maana wengi wenu mnamjua kwa majina mengine ya heshima aliyoyapata baadaye. Ninayotaka kuwaachia ni ya ile saa walipotoka.

Mlango ulifunguliwa. Komora alitoka kwanza, akiruka. Dhahabo akafuata, taratibu, mikono ameificha ndani ya mtandio.

Mama Habiba hakumpa nafasi ya kuvuta pumzi. "Maji yangu yamesema nini huko ndani?"

"Hayakusema kitu, mama."

"Hata neno?"

"Hata moja. Chumvi peke yake ndiyo iliyosema, na nimeisikia yote."

Mama Habiba akanyanyua mikono juu, akaomba kwa sauti, akalia, akacheka. Mzee Barisa hakuelewa yote, lakini alielewa uso wa binti yake.

"Imepita?"

"Imepita, aabo."

"Mikono nini?"

Dhahabo akaitoa polepole. Vidole vya mkono wa kulia vilikuwa na madoa meusi ti, kutoka ncha mpaka katikati. Nitrati ya fedha ilikuwa imemmwagikia wakati wa mtihani, na ikigusa ngozi huwa nyeusi kwa mwanga.

"Nitajaribu kusugua kwa mchanga, aabo, kabla hatujafika kwa watu."

Nikamwambia baba yake asihofu, haina madhara, ngozi itajibadilisha yenyewe na doa litaondoka baada ya muda.

Mzee aliushika mkono ule, akaugeuza kwenye jua, akautazama kama watu wanavyoutazama mkono wa bibi harusi uliopakwa hina.

"Usisugue," akasema. "Wacha ikae. Kule tunakwenda, watu waone."

Akapiga mluzi, na ng'ombe wakaanza kutembea.